Sauti za Ngara Zina Wenyewe

Tarehe 28 na 29 Aprili 1994, kwa muda wa saa 24 tu, watu wapatao 250,000 kutoka Rwanda walivuka daraja la Rusumo wakaingia wilaya ya Ngara. Picha za kambi ya Benaco zikaenea duniani. Lakini sinema za mambo ya kweli hazina macho tu; zina masikio pia, na juu ya masikio hayo hatuna budi kusema.

Wako mafundi wa muziki watumiao kompyuta badala ya bendi. Hunasa sauti za mahali, wakazirefusha na kuzichanganya hata zikawa kama hewa imzungukayo msikilizaji. Mwingereza Brian Eno na wenzake walitoa muziki wa namna hiyo mwaka 1983, uliotungwa kwa ajili ya sinema ya safari za mwezini. Hapa kwetu Afrika Mashariki ametokea Joseph Kamaru, mzaliwa wa Nairobi aitwaye KMRU. Kazi yake ya mwaka 2022, Temporary Stored, ilitokana na sauti za Afrika zilizohifadhiwa katika jumba la makumbusho la Tervuren, Ubelgiji. Tazama basi: mtoto wa Afrika azikuta sauti za Afrika ghalani Ulaya!

Ngara na Biharamulo hazikupungukiwa na sauti. Yako maporomoko ya Rusumo; iko misitu ya Burigi, iliyoingizwa katika hifadhi ya taifa mwaka 2019; ziko ngoma na nyimbo za watu wake. Sinema ya huko yafaa isikike kwa sauti za huko.

Hata hivyo, iko hatari moja. Sauti ikishapita katika mashine, mwenyewe aweza asiitambue tena. Atadai nini, na kwa ushahidi gani? Kwa hiyo mapatano yafanywe kabla ya kunasa, si baada ya sinema kuonyeshwa. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 yawatambua wapigaji na waimbaji. Mpiga ngoma ni mfanyakazi kama mpiga picha: jina lake liandikwe, ujira wake ulipwe, na nakala ya sauti ibaki wilayani.

Hatuipingi mashine. Twakumbusha tu kwamba mali bila daftari hupotea bila habari, na sauti nayo ni mali.