Je, Wajua? Leseni ya Kubeba Bastola kwa Kificho Nchini Marekani

Je, wajua kwamba Marekani yote haina leseni hata moja ya taifa inayomruhusu raia wa kawaida kubeba bastola iliyofichwa ndani ya nguo? Serikali kuu ya Washington haiitoi. Kazi hiyo ni ya majimbo, na majimbo mengi nayo yameishusha hadi kwenye kaunti. Pennsylvania unamwendea sherifu wa kaunti yako, lakini ukiwa mkazi wa Philadelphia unakwenda polisi. Georgia leseni hutolewa na mahakama ya mirathi ya kaunti, ile ile inayoshughulikia wosia na vibali vya ndoa. Michigan ni kwa karani wa kaunti. Florida ombi hupokewa na Idara ya Kilimo, ambayo wakaguzi wake pia ndio wanaopima kama pampu za mafuta zinatoa kipimo halali.

Anayetaka kuielewa leseni hii na aanzie hapo. Ni karatasi ya mahali, na hatua chache nje ya mahali hapo inaweza kuwa haina nguvu yoyote.

Je, wajua kwamba sheria za kwanza za kukataza kuficha silaha zilitungwa kusini, si New York wala California? Kentucky na Louisiana zilipiga marufuku mwaka 1813. Fikra ya wakati ule ilikuwa kwamba mtu mwema hana sababu ya kuficha. Anayeweka jambia au bastola chini ya koti ana nia mbaya. Mwaka 1871 Texas ilikwenda mbali zaidi, ikawakataza karibu watu wote kutembea na bastola, iwe wazi au kwa kificho, na katazo hilo lilidumu zaidi ya miaka 120. Wengi huidhania Texas kuwa nchi ya bastola kiunoni tangu enzi za wachunga ng'ombe. Vitabu vya sheria zake vinasema vingine.

Kilichoigeuza Texas ni msiba. Tarehe 16 Oktoba 1991 mtu mmoja aliuvamia mkahawa wa Luby's mjini Killeen kwa gari, akashuka na kuanza kufyatua risasi. Watu 23 waliuawa. Miongoni mwa waliokuwa wakila chakula cha mchana alikuwamo tabibu wa uti wa mgongo, Suzanna Hupp, pamoja na wazazi wake. Bastola alikuwa nayo, ila aliiacha kwenye gari: sheria ilimkataza kuingia nayo, na aliogopa kunyang'anywa leseni ya utabibu wake. Baba yake aliuawa, mama yake aliuawa. Kuanzia hapo Hupp alizunguka akitoa ushahidi mbele ya mabunge ya majimbo mbalimbali. Mwaka 1993 Gavana Ann Richards aliuzuia muswada uliohusu kubeba kwa kificho. Mwaka uliofuata alishindwa uchaguzi na George W. Bush, naye Bush akaitia saini sheria ya kuruhusu ubebaji huo mwaka 1995. Hupp mwenyewe alichaguliwa kuwa mbunge wa jimbo mwaka 1996. Ukubaliane naye au usikubaliane naye, huwezi kuelewa kwa nini Wamarekani wengi hulilia jambo hili kwa uchungu bila kujua habari ya Killeen.

New York nayo ilipita njia tofauti kabisa, na pia ilianza na mauaji. Januari 1911 mwandishi wa riwaya David Graham Phillips alipigwa risasi karibu na Gramercy Park, jijini New York, na mtu ambaye papo hapo alijiua. Seneta wa jimbo Timothy Sullivan, mkubwa wa Tammany Hall, mtandao wa siasa wa jiji hilo, akaisukuma sheria inayobeba jina lake hadi leo: ni kosa kumiliki bastola bila leseni. Ilianza kutumika 31 Agosti 1911. Miongoni mwa wa kwanza kufungwa kwa sheria hiyo alikuwa mhamiaji wa Kiitaliano, aliyepewa mwaka mmoja katika gereza la Sing Sing.

Miaka miwili baadaye New York iliongeza sharti lililotesa waombaji kwa zaidi ya karne: mwombaji wa leseni ya kubeba aonyeshe sababu maalumu inayomtofautisha na watu wengine. Kusema tu kwamba unaogopa majambazi hakukutosha. Ofisa ndiye aliyepima, na ofisa ndiye aliyekataa.

Je, wajua kwamba Martin Luther King Jr. aliwahi kuomba leseni ya kubeba bastola kwa kificho na akanyimwa? Nyumba yake ya Montgomery, Alabama, ilirushiwa bomu tarehe 30 Januari 1956, mkewe na mtoto wao mchanga wakiwamo ndani. King aliomba leseni. Kama kuna Mmarekani aliyekuwa na sababu ya kuhofia maisha yake mwaka ule, ni yeye. Lakini sheria ilimwachia ofisa wa mahali aamue nani anafaa, na wakuu wa Montgomery wa wakati ule wasingeamua kwamba mchungaji mweusi anayeongoza mgomo wa mabasi anafaa. Baadaye King aliamua kutokuwa na bunduki nyumbani kabisa. Hata hivyo kunyimwa kwake kunafundisha jinsi mamlaka ya ofisa mmoja, yasipokuwa na kipimo kilichoandikwa, yanavyoishia kumpa anayempenda na kumnyima asiyempenda. Hilo halikwisha na enzi za ubaguzi. Novemba 2022 baraza la wazee wa mahakama huko California lilimkuta aliyekuwa sherifu wa Kaunti ya Santa Clara na hatia ya ufisadi katika kesi ya madai. Sehemu kubwa ya kesi ilihusu kugawa leseni za bastola kwa upendeleo, wachangiaji wa kampeni wakifikiriwa na watu wa kawaida wakiachwa hata bila majibu.

Mfumo huo wa kudai sababu maalumu uliangushwa na Mahakama ya Juu ya Marekani tarehe 23 Juni 2022, katika kesi iitwayo Bruen. Majaji 6 dhidi ya 3 walisema kwamba haki ya kubeba silaha kwa ajili ya kujilinda haiishii mlangoni mwa nyumba, na kwamba raia halazimiki kuthibitisha shida ya pekee ndipo aipate. Uamuzi uliandikwa na Jaji Clarence Thomas. New York ilikuwa na wenzake watano wenye sharti kama hilo, yaani California, Hawaii, Maryland, Massachusetts na New Jersey, na wote walilazimika kubadili sheria.

Walibadili, ila hawakufungua mlango wazi. Siku chache tu baada ya hukumu, Bunge la New York lilipitisha sheria mpya iliyoanza 1 Septemba 2022. Mwombaji sasa hukaa darasani saa 16, hufanya mtihani, kisha saa 2 za kulenga shabaha kwa risasi za kweli. Hupeleka majina ya watu wanne wa kumdhamini tabia, hutaja watu wazima anaoishi nao, na huhojiwa ana kwa ana. Hata sharti la kutaja kurasa zake za mitandao ya kijamii liliwekwa, ila mahakama ya rufani ililizuia. Jijini New York ada peke yake ni dola 340, mbali na gharama ya alama za vidole. Halafu kuna hili linalowashangaza wengi: leseni iliyotolewa kaunti nyingine ya jimbo hilohilo haikuruhusu kubeba bastola ndani ya Jiji la New York, bila kibali cha ziada cha polisi wa jiji. Na hata ukikipata, Times Square ni marufuku.

Upande mwingine kabisa ipo Vermont. Mwaka 1903 Mahakama ya Juu ya jimbo hilo ilibatilisha kanuni ya mji wa Rutland iliyodai kibali cha kubeba silaha, na tangu hapo Vermont haina leseni ya kubeba. Anayeruhusiwa kumiliki anaruhusiwa kubeba. Alaska iliifuata mwaka 2003, Arizona 2010, Texas 2021, na ilipofika 2024 majimbo 29 yalikuwa hayamlazimishi mtu mzima kuwa na leseni.

Mbona basi watu wa majimbo hayo wanaendelea kupanga foleni kwa sherifu? Sababu mbili ni nzito. Ya kwanza ni safari: leseni ya nyumbani hutambuliwa na baadhi ya majimbo mengine kwa makubaliano. Ya pili wengi hawaijui. Sheria ya taifa inakataza kuwa na bunduki ndani ya futi 1,000, yaani kama mita 300, kutoka shule. Mwenye leseni iliyotolewa na jimbo ilipo shule hiyo husamehewa. Asiye nayo hasamehewi, hata kama jimbo lenyewe linasema hahitaji leseni. Katika mji wenye shule kila mtaa, ni vigumu kwenda sokoni bila kuzikanyaga mita hizo.

Kuhusu safari, kumbuka mama mmoja wa Philadelphia. Mwaka 2013 alisimamishwa na askari katika jimbo jirani la New Jersey kwa kosa la barabarani. Alikuwa na leseni halali ya Pennsylvania, na kwa uaminifu akamwambia askari kwamba ana bastola. Alikamatwa, kwa kuwa New Jersey haiitambui leseni ya Pennsylvania, na akakabiliwa na kifungo cha miaka. Hatimaye alipewa msamaha na Gavana Chris Christie mwaka 2015. Kati ya nyumba yake na kosa kulikuwa na daraja la mto tu.

Viwanja vya ndege navyo. Mwaka 2023 wakaguzi wa usalama wa abiria walikamata bunduki 6,737 kwenye mizigo ya mkononi, na katika kila 100, takribani 93 zilikuwa na risasi. Atlanta ndiyo iliyoongoza. Utetezi wa wengi ni kwamba walisahau. Mimi naona huo ndio utetezi mbaya kuliko yote, maana anayesahau bastola iko wapi hajawa tayari kuibeba. Tarehe 30 Desemba 2014, katika duka kubwa mjini Hayden, Idaho, mwanamke mwenye leseni aliweka mkoba wake ndani ya toroli alilokuwamo mwanawe wa miaka miwili. Mtoto alifungua mkoba, akaifikia bastola, akamuua mama yake. Hakuna sheria iliyovunjwa pale.

Kuitunza leseni ni kazi ya kila siku. California leseni hudumu miaka miwili, na kuihuisha ni saa 8 nyingine za mafunzo. Tena bastola zako huandikwa kwenye leseni kwa namba zake, na isiyoandikwa huruhusiwi kuibeba. Minnesota ni kosa kubeba ukiwa na kilevi cha 0.04 kwenye damu, nusu ya kiwango cha kosa la kuendesha gari. Anayevuta bangi anaingia matatani na sheria ya taifa hata kama jimbo lake limehalalisha bangi. Amri ya mahakama ya kumkataza mtu kumsogelea mke au mpenzi aliyemtishia humnyang'anya haki ya silaha, na Mahakama ya Juu ililithibitisha hilo Juni 2024 kwa majaji 8 dhidi ya 1. Texas nayo inataka ujue kusoma vibao: mwenye duka anayekataza bastola zilizofichwa hutundika maneno rasmi kwa Kiingereza na Kihispania, herufi zisipungue inchi moja, na baa inayopata asilimia 51 ya mapato yake kwa pombe inayonywewa pale huweka kibao chenye namba hiyo kwa wekundu. Ukikiona, leseni haikusaidii.

Na ukisimamishwa na polisi? Michigan mwenye bastola analazimika kumwambia askari papo hapo. Minnesota analazimika akiulizwa. Philando Castile, mtu mweusi mwenye leseni ya Kaunti ya Hennepin, alimwambia bila kuulizwa. Ilikuwa 6 Julai 2016, Falcon Heights, Minnesota, mpenzi wake yuko pembeni na mtoto wa miaka minne kiti cha nyuma. Sekunde chache baadaye askari alimfyatulia risasi saba. Mwaka 2017 askari huyo aliachiwa huru. Walimu wa mafunzo ya leseni hufundisha kuweka mikono juu ya usukani na kutozigusa hati mpaka uambiwe. Fundisho hilo ni jema. Castile alizungumza kwa heshima na bado alikufa, na kwa jamii zetu za Afrika Mashariki zinazoishi Minneapolis, Columbus au Houston jambo hilo si la kupitwa.

Kwa hao ndugu zetu wa Afrika Mashariki walioko huko, la mwisho ni hili. Mwenye kadi ya ukaazi wa kudumu anaruhusiwa kumiliki bastola na majimbo mengi humpa leseni. Aliyeko kwa viza ya masomo, ya utalii au ya kazi ya muda, kwa kawaida sheria ya taifa inamkataza hata kuishika, nje ya vighairi vichache kama leseni ya uwindaji; rafiki akikualika kulenga shabaha Jumamosi, uliza kwanza. Na hata huyo wa kadi ya kudumu ajue kwamba hukumu ya kosa la silaha ni sababu ya kufukuzwa nchini, hata kama kosa ni kuvuka mpaka wa jimbo na leseni isiyotambuliwa. Kabla ya kujaza fomu ya sherifu, onana na wakili wa uhamiaji.