Sauti Kwanza, Sura Baadaye

Wako watu wanaomwona msomaji wa habari kwenye runinga, kavaa vizuri na taa zinamwangaza, wakasema: kazi gani hiyo, si kusoma tu? Mimi ni mtu wa redio, na wiki hii nataka kueleza kwa nini si kusoma tu. Mfano wangu ni marehemu Catherine Kasavuli.

Bi. Kasavuli hakuanzia kwenye runinga. Aliingia Sauti ya Kenya mwaka 1980 kama mtangazaji wa redio, na mwaka 1985 ndipo akahamia runinga. Miaka hiyo mitano si haba. Redioni hakuna sura ya kukusitiri. Ukimeza silabi, au ukitua pasipo kituo, msikilizaji amepotea, wala hana ukurasa wa kurudia. Hapo ndipo mtu hujifunza kupanga pumzi, kuiona sentensi kwa jicho kabla mdomo haujaifikia, na kutamka jina la mwenzake bila kulivunja.

Mwaka 1990 ilizaliwa KTN, stesheni ya kwanza ya runinga ya watu binafsi nchini Kenya, na Bi. Kasavuli akawa mwanamke wa kwanza kusoma habari moja kwa moja hewani katika stesheni hiyo. Hapa tuelewane. Habari iliyorekodiwa hurekebishwa, lakini ya moja kwa moja, neno likitoka halirudi. Karatasi huweza kubadilishwa ukiwa katikati ya taarifa, picha ikakosekana, na wewe unatakiwa utulie kana kwamba hakuna lililotokea.

Na wakati wenyewe haukuwa mwepesi. Nchi ilikuwa bado na chama kimoja, hadi sheria ilipobadilishwa Desemba 1991. Watazamaji waliozoea stesheni moja ya serikali sasa walikuwa na mbili za kulinganisha. Mtu akishaweza kulinganisha, huuliza: nani nimwamini? Imani hiyo hujengwa kwa usahihi, usiku baada ya usiku. Sura nzuri peke yake haiwezi kuinunua.

Mwaka 2021, miaka zaidi ya 40 tangu aanze kazi, alirudi KBC kusoma habari, pamoja na wakongwe wenzake. Kurudi huko kulikuwa jibu kwa wenye vyombo wanaodhani mtangazaji, hasa mwanamke, huisha muda wake kama maziwa.

Mwaka uliofuata aliugua saratani ya mlango wa kizazi. Ombi la damu kwa ajili yake lilitolewa hadharani. Alifariki tarehe 29 Desemba 2022, akiwa na umri wa miaka 60. Ugonjwa huo kwa sehemu kubwa huletwa na virusi ambavyo vina chanjo, na Kenya ilianza kuwachanja wasichana wa miaka 10 mwaka 2019. Wanawake wazima nao wanaweza kupimwa mapema, kabla dalili hazijaonekana.

Basi nawaambia vijana wanaotaka kuonekana: anzeni kwa kusikika. Na wewe mzazi uliyemsikiliza Bi. Kasavuli miaka yote hiyo, muulize binti yako kama amepata chanjo. Hiyo nayo ni habari, na haifai kungojea taarifa ya usiku.