Ubichi Si Maji Peke Yake

Sehemu kubwa ya Kaunti ya Kakamega hupata karibu milimita 2,000 za mvua kwa mwaka, na mvua hiyo hupenda kunyesha alasiri, watu wakiwa wameshaanika vitu vyao. Msitu wa Kakamega, ambao wataalamu wa mimea huuhesabu kuwa ncha ya mashariki ya misitu ya mvua ya Kongo na Afrika Magharibi, unastawi kwa sababu hiyo hiyo. Mahali kama hapa kuna vitu vingi vinavyochelewa kukauka: nguo za shule, kuni, mbao za ujenzi, matofali yanayongoja tanuri. Kwa vyote hivyo Kiswahili kina kivumishi kimoja kifupi, -bichi, na ukimwuliza msemaji maana yake atakujibu bila kusita kwamba ni kitu chenye majimaji, kitu ambacho maji yake hayajakitoka. Jibu hilo lina ukweli ndani yake, lakini halitoshi, na upungufu wake una gharama katika nyumba na masoko ya eneo hili.

Kamusi zetu kwa kawaida huligawa neno hili katika maana kadhaa: kisichoiva, kisichopikwa, kisichokauka na, kwa binadamu, asiye na uzoefu. Mgawanyo huo humsaidia anayejifunza lugha, ila hauelezi kwa nini maana zote hizo zikae katika neno moja. Wanaotafuta kiini chake hukimbilia maji, na ushahidi wa kuwaunga mkono upo. Mti uliokatwa leo unaweza kuwa na maji yanayofika karibu nusu ya uzito wake, ndiyo maana kuni zake hutoa povu kwenye ncha na kujaza moshi jikoni kabla ya kushika moto. Nyama mbichi, samaki mbichi, mboga mbichi, zote zina maji. Hata Kiganda, kinachozungumzwa magharibi mwa eneo la lugha za Kiluhya, kina -bisi, neno la asili moja na letu, linalotumika kwa chakula kisichopikwa, tunda lisiloiva na nguo isiyokauka. Katika lugha hiyo hiyo omubisi ni maji matamu yanayokamuliwa kwenye ndizi. Mbele ya ushahidi kama huo ni rahisi kusema mjadala umekwisha.

Haujakwisha. Embe bivu hudondosha maji hadi kwenye kiwiko, na embe bichi, lile gumu linaloliwa kwa chumvi na pilipili, halidondoshi kitu. Iwapo ubichi ni wingi wa maji, tumeyapa maembe sifa kinyume. Tazama pia samadi. Mkulima huonywa asiweke samadi mbichi kwenye shimo la kupandia kwa sababu huunguza mche. Hivyo huilundika, akaifunika na kuinyunyizia maji ili ioze, na baada ya miezi kadhaa huitoa ikiwa nyeusi, laini na yenye unyevunyevu. Wakati huo hakuna anayeiita mbichi. Ile nyingine iliyobaki zizini ikapigwa na jua mpaka ikawa ngumu kama gamba, bila kuoza, bado ni mbichi ingawa ni kavu. Mfano wa tatu uko mikononi mwa waashi. Fundi akishamwaga zege la sakafu huwafukuza watoto, akisema zege bado ni bichi. Siku ya tatu sakafu hiyo imeloa zaidi, kwa kuwa fundi mwenyewe ameendelea kuimwagia maji: saruji hushika kwa kuungana na maji, wala si kwa kuyapoteza, na kwa sababu hiyo huwekwa katika hali ya maji kwa siku saba au zaidi. Watu hutembea juu yake wakiwa wamelowa nyayo, na zege si bichi tena.

Upande wa pili kuna vitu vikavu ambavyo bado tunaviita vibichi. Njugu mbichi za sokoni zimeanikwa zikakauka kabisa, zinakaa kwenye gunia kwa miezi, na zinaitwa mbichi kwa kuwa hazijakaangwa. Matofali mabichi yaliyopangwa chini ya kibanda cha nyasi yanaweza kuwa yamekauka kiasi cha kutoa vumbi ukiyagusa, lakini jina halibadiliki mpaka moto uyapitie. Kwa hiyo kuna vitu vyenye maji visivyokuwa vibichi, na vibichi visivyokuwa na maji. Maana inayovikusanya vyote ni hii: kitu kibichi ni kile ambacho badiliko linalotarajiwa katika mwili wake halijakamilika. Embe hungojewa liive, nyama ipikwe, kuni zikauke, samadi ioze, tofali lichomwe, zege lishike. Kila nomino huja na mwisho wake, na wasemaji wanaujua bila kufundishwa. Maji ni dalili tu, dalili iliyo ya kawaida kuliko zote, kwa sababu jua na moto ndizo njia kuu za kukifikisha kitu mwisho wake, na zote mbili huyatoa maji.

Uthibitisho ninaouamini kuliko mwingine wowote ni kwamba -bichi haina kinyume kimoja. Kinyume cha kuni mbichi ni kuni kavu, lakini cha ndizi mbichi ni ndizi mbivu, cha nyama mbichi ni nyama iliyopikwa, cha samadi mbichi ni samadi iliyooza, na cha tofali bichi ni tofali la kuchoma. Kama kiini cha neno kingekuwa maji, -kavu ingetosha kusimama mbele yake kila mahali. Inatosha mahali pamoja tu: pale ambapo mwisho unaongojewa ni kukauka.

Msomaji makini atauliza kuhusu nguo, maana maji ya nguo si yake, yametiwa kutoka nje. Nguo ndizo zinazoonyesha vizuri zaidi jinsi Kiswahili kinavyochagua maneno yake hapa. Mtu aliyenyeshewa akitoka sokoni Lurambi nguo zake zimelowa, na kama mvua ilikuwa kubwa, ni chepechepe. Hatumwambii kwamba amevaa nguo mbichi. Nguo hizo hizo zikifuliwa na kuanikwa, jioni mama akazibana kwa vidole kwenye kamba, atasema bado ni mbichi, msizianue. Huenda kiasi cha maji kinalingana katika nyakati hizo mbili. Kilichobadilika ni kwamba nguo iliyo kwenye kamba imeanza safari ya kukauka, na neno linapima safari hiyo. Ndiyo sababu mtoto hukatazwa kwenda shuleni na sare mbichi: imeondolewa kwenye kamba kabla ya wakati wake. Udongo ulio chini ya miti ya Msitu wa Kakamega, kwa upande wake, una unyevunyevu karibu mwaka mzima, na hakuna anayesema ni mbichi, kwa kuwa hakuna anayeungoja ukauke. Unyevu hutaja kiasi cha maji kilichopo. Kulowa hutaja tukio, yaani maji kuingia. Ubichi hutaja jambo lililobaki kufanyika.

Pingamizi lililo zito zaidi ni hili: kama -bichi ni kutokamilika tu, mbona nyumba isiyoezekwa haiitwi nyumba mbichi, wala barua iliyoandikwa nusu haiitwi barua mbichi? Swali hili lina haki ya kujibiwa, na jibu lake linairudisha hoja ya maji kwa kiasi fulani. Nyumba hukamilika kwa kuongezewa vitu: mabati, milango, lipu. Barua huongezewa maneno. Embe haliongezewi kitu, na hata zege, likishamwagwa, hubadilika lenyewe ndani kwa ndani. Kuiva, kukauka, kuoza, kupikwa, kuchomwa na kushika ni mabadiliko ya mwili wa kitu chenyewe, na -bichi haitoki nje ya eneo hilo. Ni wazi kwangu kwamba wasemaji wa kale waliyaona mabadiliko hayo kwanza katika vitu vyenye maji, majani, nyama na matunda, kisha neno likatanuka. Wanaoanzia kwenye maji hawajakosea kuhusu chanzo. Wamekosea kudhani kwamba neno limebaki hapo.

Tofauti na -changa nayo isipuuzwe. Uchanga ni umri, ubichi ni hali. Mtoto ni mchanga, hawi mbichi, na tukisema kijana fulani bado mbichi tunamaanisha kwamba kazi haijamwivisha, hata kama ana miaka 30. Kidonda kibichi, msiba ulio mbichi moyoni na usiku ulio bado mbichi vinaeleweka kwa kipimo hicho hicho, sina haja ya kuvikalia. Kitu kimoja kinanikataa: kijani kibichi. Shati la rangi hiyo linaweza kuwa kavu tangu lishonwe na haliendi kokote. Rangi ilipewa jina la jani lisilonyauka, na kirai kikaganda hivyo. Nakikubali kama salio, wala sioni kwamba kinaiangusha hoja.

Gharama niliyoitaja mwanzoni iko kwenye mahindi, kwa sababu zao hili lina miisho zaidi ya mmoja. Kando ya barabara, mahindi mabichi ni sifa: ni yale ya kuchoma au kuchemsha, na mteja anataka punje iliyojaa maziwa. Shambani kuna mwisho wa pili, kukomaa. Hindi linapokomaa, punje yake hufanya tabaka jeusi pale iliposhikana na gunzi, na tangu hapo halikui tena. Lakini wakati huo punje bado ina maji ya asilimia 30 hadi 35 hivi. Mwisho wa tatu ni ghala, ambako kiwango cha Jumuiya ya Afrika Mashariki hakiruhusu unyevu kuzidi asilimia 13.5. Mkulima aliyevuna Agosti katikati ya manyunyu anaposema mahindi yake si mabichi, anasema kweli kwa mwisho wa pili. Mnunuzi anayeuma punje na kusema ni mabichi anasema kweli kwa mwisho wa tatu. Kila mmoja humwona mwenzake mwongo, na pesa ziko katikati. Gunia la kilo 90 lenye unyevu wa asilimia 20 likikaushwa hadi 13.5 hubaki na kilo 83 na ushee. Kilo karibu saba zilikuwa maji, na mtu mmoja kati ya wale wawili angeyalipia.

Hatari kubwa zaidi haiko kwenye mizani. Mahindi yanayohifadhiwa kabla ya kukauka huota kuvu, na baadhi ya kuvu hizo hutengeneza sumukuvu, ile inayoitwa aflatoksini, ambayo haiondoki kwa kupikwa. Mwaka 2004 watu 317 waliugua na 125 wakafariki katika maeneo ya mashariki mwa Kenya, Makueni na Kitui zikiathirika vibaya, baada ya kula mahindi yaliyohifadhiwa yakiwa na unyevu. Huko ni nchi kame. Kakamega, ambako turubai hukunjwa na kutandazwa mara kadhaa kwa siku moja, inahitaji tahadhari zaidi katika kukausha na usahihi zaidi katika kusema.

Wapo watakaosema kwamba mkulima hahitaji darasa la msamiati: anajua kwa jino, na kwa mlio wa punje zinapomiminwa kwenye beseni. Naheshimu ujuzi huo, umelisha vizazi. Lakini jino halitofautishi asilimia 16 na 13, na neno mabichi halitofautishi pia, kwa kuwa linasema tu kwamba mwisho haujafika, halisemi umebaki umbali gani. Kipimo cha chumvi husaidia pale ambapo mashine ya kupimia haipo: punje kiasi na vijiko vichache vya chumvi kavu hutiwa kwenye chupa kavu ya kioo, ikatikiswa vizuri na kuachwa itulie kwa dakika 15. Chumvi ikinata kwenye kioo, unyevu umepita asilimia 15 na mahindi yarudi juani. Isiponata, yamekaribia, na hapo mashine ndiyo itakayosema kama yamefika 13.5. Kwa hiyo afisa wa kilimo anayezungumza na wakulima asiishie kuwakataza kuweka ghalani mahindi mabichi, maana aliyeona tabaka jeusi kwenye punje zake ataamini kwamba onyo hilo ni la jirani. Awaambie mahindi yaliyokomaa bado hayajakauka, ataje kiasi kinachokubalika, na chupa ya chumvi iwe mezani wakati anaposema hivyo.