Miti ya Mlimani na Joto Linalozidi

Mtoto wa shule aliyefundishwa kwamba joto latoka kwenye jua huenda akauliza: Kwa nini basi kilele cha Mlima Kenya, kilicho karibu zaidi na jua kuliko mashamba yetu, kina barafu, hali sisi huku chini twatokwa na jasho? Swali hili ni jema. Tena ajuaye jibu lake atafahamu pia kwa nini miti ya mlimani hukaa kwa safu, na ni hatari gani inayoikabili siku hizi.

Jua liko mbali sana nasi, hata urefu wa mlima mzima si kitu ukilinganishwa na umbali huo. Miali yake hupita katika hewa pasipo kuitia joto jingi. Huipasha ardhi kwanza, na ardhi huipasha hewa iliyo karibu nayo. Hewa hiyo ipandapo hutanuka, kwa kuwa huko juu haigandamizwi na uzito wa hewa nyingi, na katika kutanuka hupoa. Kwa kadiri, joto hupungua digrii 6 za sentigredi kwa kila mita 1,000 mtu apandazo. Batian, kilele kirefu cha Mlima Kenya, kina mita 5,199 juu ya bahari. Basi si ajabu kukuta barafu huko, ingawa mstari wa Ikweta wapita katika mteremko wake wa kaskazini.

Kila mti na mahali pake

Pepo zenye unyevu kutoka Bahari ya Hindi huupiga mlima upande wa kusini na wa mashariki. Hewa hulazimika kupanda, hupoa, na unyevu wake hugeuka kuwa mawingu na mvua. Kwa sababu hiyo msitu ulio juu ya Chuka na Embu hupata maji mengi, mahali pengine zaidi ya milimita 2,000 kwa mwaka, na huko humea mti mkubwa wa kamfa, ambao Wakikuyu huuita muthaiti. Upande wa Nanyuki umekaa kisogoni mwa pepo hizo, nao ni mkavu. Mti wake ni mtarakwa, ambao nguzo zake hudumu ardhini miaka mingi.

Mtu akipanda kufika kama mita 2,500, huingia katika mianzi. Juu ya mianzi hukuta hagenia, miti yenye gome jekundu, na matawi yake yamening'inia nyuzi za kijivu mithili ya ndevu za mzee. Baada ya hapo msitu hukoma. Hufuata vichaka vya erika, kisha nyasi, pamoja na lobelia na senesio zilizo ndefu kuliko mtu.

Mbona msitu hukoma? Mti mrefu umesimama katikati ya upepo wa baridi, na palipo na baridi mno hauwezi kujenga mbao mpya, hata kama majani yake yana chakula cha kutosha. Wataalamu waliopima milima mingi ya dunia wameona kwamba miti hukoma mahali ambapo joto la majira ya kukua ni kama digrii 6 tu kwa wastani. Senesio huishi juu zaidi kwa kuwa ina hila yake: usiku hukunja majani yake kulifunika chipukizi, na majani makavu hubaki yamelizunguka shina kama blanketi.

Joto likizidi

Tangu mwisho wa karne ya 19 dunia imezidi joto kwa zaidi ya digrii 1. Kwa mtu aliye shambani digrii moja ni kitu kidogo. Lakini kwa hesabu tuliyoitaja, ni sawa na kuihamisha hali ya hewa ya mti kiasi cha mita 160 kwenda juu. Barafu ni shahidi wetu. Barafu ya Lewis, mojawapo ya zile kubwa mlimani, imepimwa tangu mwaka 1934. Hata kufikia mwaka 2010 ilikuwa imepoteza kama sehemu tisa katika kumi za ujazo wake, kwa sababu ya joto na pia ya ukavu wa hewa.

Huenda mtu akasema: Vema, miti nayo na ipande juu. Lakini mti hauna miguu. Husafiri kwa mbegu zake, na kizazi kimoja cha miti ni maisha ya watu wengi. Muthaiti huzaa zaidi kwa machipukizi yatokayo mizizini, kwa hiyo mwendo wake ni wa polepole mno. Tena mlima ni kama pia iliyopinduliwa: kadiri upandavyo ndivyo nafasi ipunguavyo.

Kizuizi cha tatu ni moto, nacho ndicho kibaya zaidi. Tutazame jirani yetu Kilimanjaro. Huko wataalamu wamelinganisha picha za tangu mwaka 1976, wakaona kwamba mpaka wa juu wa msitu haukupanda kama ilivyodhaniwa, bali umeshuka. Ukavu uliufanya msitu wa erika uliokuwa juu kabisa ushike moto mara kwa mara, na palipokuwa na miti pakabaki vichaka. Moto mkubwa ulizuka huko tena mwezi wa Oktoba 2020, na Mlima Kenya wenyewe uliungua mwezi wa Machi 2012.

Hasara ni ya nani?

Wengi huililia barafu, lakini maji yatokayo kwenye barafu ni machache. Mengi hutoka katika mvua na ukungu uliopokewa na msitu. Majani, kuvu na zile ndevu za hagenia huunasa ukungu, ukadondoka chini tone kwa tone na kuingia ardhini. Msitu ukiungua, ukungu hupita bure. Na maji hayo ndiyo yaingiayo Mto Tana, yakaendesha mitambo ya umeme ya Masinga na Kindaruma; ndiyo pia yaendayo kwa Ewaso Ng'iro kuwanywesha ng'ombe na ngamia wa nchi kavu.

Joto la dunia nzima haliwezi kupunguzwa na mkulima mmoja wa Kieni au wa Meru. Lakini moto wa mlimani mara nyingi huwashwa na mkono wa mtu: mrina asali aliyeacha mwenge wake, mchungaji atakaye nyasi changa, au mgeni aliyepika chai na kuondoka pasipo kuyafukia makaa. Mambo hayo yamo katika uwezo wetu. Mti uliosalimika na moto mwaka huu ndio utakaotoa mbegu za kupanda juu miaka ijayo, na mifereji ya mashamba yetu yautegemea.