12.7 ni bunduki gani, na kwa nini nyumba ya mbao haiwezi kuizuia

Wakaaji wa Masisi na Walikale wamezoea kutofautisha milio. AK inalia haraka, nyepesi. Ingine inapiga pole kidogo, nzito, na sauti inarudi kwenye milima. Hiyo ya pili wengi wanaiita 12.7, kwa kutamka Kifaransa. Wengine wanasema Dushka. Kujificha kwa AK na kujificha kwa 12.7 si kitu kimoja.

Hiyo namba ni unene wa risasi kwa milimita. Ya AK ni 7.62. Risasi nzima ya 12.7, pamoja na ganda, iko na urefu wa karibu sentimita 15. Zile za kutoboa chuma zinapita bamba la milimita 15 kwa umbali wa mita 500. Basi mbao, manjanja, ama bashi ya kambi ya wakimbizi, hayo yote si kitu mbele yake. Hata ukuta wa matofali si wa kuaminiwa. Mwenye kulala chini ya kitanda ndani ya nyumba ya mbao amefichwa macho tu. Kinachosaidia ni udongo mwingi: mfereji, shimo, ama mgongo wa kilima usioelekea mapigano, na kulala chini kabisa. Tena risasi iliyokosa haiishi pale. Inaweza kwenda zaidi ya kilomita 6, ikamkuta mama shambani ambaye hajaona mpiganaji hata mmoja.

Silaha yenyewe ni ya zamani. Mrusi Degtyaryov aliitengeneza, Shpagin akabadilisha namna ya kuilisha masasi kwa mkanda, na jeshi la Kisovyeti likaipokea mwaka wa 1938 kwa jina DShK. Walitaka kupiga ndege na magari ya chuma. Askari wakageuza hizo herufi kuwa Dushka, maana yake kwa Kirusi ni kama kusema "kipenzi". Wachina nao wakaiiga.

Uzito ndio unaeleza mengi ya hapa. Bunduki peke yake ni kilo 34, bila miguu yake. Inatoa masasi karibu 600 kwa dakika, kwa hiyo mkanda wa masasi 50 unaisha kwa sekunde tano! Ndiyo maana inafuata barabara, juu ya pikapu, karibu na akiba ya masasi. Malisho ya ng'ombe ya Masisi, wazi juu ya vilima, yanaifaa. Kwenye pori zito la Walikale haioni mbali, na nje ya barabara nguvu inapungua.

Barabara ikikatika kwa matope, inafunguliwa vipande na kubebwa mabegani. Mara nyingi si mabega ya wapiganaji. Ripoti za Umoja wa Mataifa zimerudia kwamba raia wanashikwa kwa nguvu kubeba mizigo ya vita, na anayebeba sanduku la masasi, upande ule mwingine unamhesabu kuwa mpiganaji.

Tangu Julai 2003, azimio 1493 la Baraza la Usalama linakataza kupelekea silaha vikundi vya Kivu na Ituri. Lakini vita vya CNDP vilipita, M23 ikafika Masisi-centre Januari 2025 na Walikale-centre Machi, na bunduki nzito hazikukosekana. Nyingine zinatekwa vitani ama kuuzwa kutoka gala za jeshi, nyingine zinavuka mipaka.

Mapigano yakihama, masasi yanabaki njiani na watoto wanayaokota. Ganda likiwa bado na kichwa, baruti iko ndani, na vichwa vingine vina dawa ya kuwasha moto. Isipigwe nyundo, isitupwe motoni, isiuzwe kwa wanunuzi wa vyuma. Iachwe pale pale, watoto waondolewe, na shefu wa kijiji aambiwe mahali ilipo, ili wategua mabomu waitwe.