India: bwana na bibi wakipatana kuachana

Kule India sheria ya ndoa ya Wahindu ni ya 1955. Tangu 1976 inaruhusu bwana na bibi kuachana kwa mapatano, bila kushitakiana. Lakini haiko kazi ya siku moja. Kwanza wawe wametengana mwaka muzima. Kisha wote wawili wanapeleka barua moja kwa zuzi. Wanangoja miezi 6 ndipo wanarudi, wasipitishe 18. Tangu 2017 zuzi anaweza kufupisha miezi ile 6, kama mambo ya watoto na feza yamekwisha kutengenezwa. Na hukumu ikiwa haijatoka, mumoja akisema «sikubali tena», mapatano yamekufa. Tunaona njo ulinzi wa bibi: sahihi aliyosukumwa kutia leo, kesho anaweza kuikana mbele ya zuzi.