Jumba la Oak Alley na Mtunza Bustani Antoine

Leo nataka kuwapa habari za shamba la zamani lililo kando ya mto Mississippi, katika jimbo la Louisiana, kusini ya Marekani. Shamba hilo huitwa Oak Alley, maana yake njia ya mialoni, kwa kuwa mialoni 28 imesimama safu mbili kuelekea mtoni.

Labda mtauliza, Kwa nini jumba likajengwa kuuelekea mto? Sababu ni mbili. Kwanza, mto ndio uliokuwa njia kuu, na sukari ilichukuliwa kwa merikebu mpaka New Orleans. Pili, mafuriko yaliacha udongo ukingoni, hata ardhi ya hapo ikawa ya juu na yenye rutuba, na nyuma yake kinamasi. Kwa hiyo mashamba yalikatwa marefu na membamba, ili kila mwenye shamba apate sehemu yake ya ukingo.

Jumba lilijengwa tangu 1837 hata 1839 kwa amri ya Jacques Roman, nalo lina nguzo kubwa 28. Waliofanya kazi ni watumwa. Miwa ilipasa kukatwa kabla ya jalidi kuiharibu. Basi wakati wa mavuno kinu kilisaga usiku na mchana, nao wakapokezana zamu mbele ya masufuria yaliyotokota.

Mmoja wao alikuwa Antoine, mtunza bustani. Nchini mwao kuna mti uitwao mpekani, ambao kokwa zake huliwa kama korosho. Ukipanda kokwa ya mti mzuri, mti utakaoota huenda usizae kama mama yake. Basi yapata mwaka 1847 Antoine alitwaa vijiti vya mpekani mzuri sana, akaviunga juu ya mashina ya mipekani mingine, kama sisi tuungavyo mchungwa juu ya shina la mlimau. Miti 16 ikashika. Bwana wake alipokufa mwaka 1848, mali zote zilihesabiwa, naye Antoine akaandikwa kati ya mali hizo, pamoja na ustadi wake na bei yake: dola 1,000.

Utumwa ulikomeshwa Marekani mwaka 1865, na mwaka 1866 shamba likanadiwa. Mwaka 1876 kokwa za miti ile zilipata tuzo katika maonyesho ya Philadelphia. Ziliitwa Centennial, kwa kuwa taifa lilitimiza miaka 100. Hazikuitwa kwa jina la Antoine. Baadaye miti yake ilikatwa ili miwa ipandwe.

Jumba lilitengenezwa upya kuanzia 1925, na sasa wageni hulizuru. Mwaka 2013 vibanda vya watumwa vilijengwa tena nyuma yake, ili mgeni aone pande zote mbili. Na wakulima wa mipekani huunga miti yao hata leo, kama alivyofanya Antoine.

Basi, mwonapo jumba kubwa, msiulize jina la mwenyewe tu; ulizeni na majina ya waliolijenga.